Vitabu vinne kuhusu majaji wa Marekani: uanze na kipi?

Rafiki yangu mmoja, wakili kijana wa Arusha, aliagiza kitabu cha maisha ya Marshall. Alikuwa amesikia kwamba Marshall ndiye aliyeandika rasimu ya haki za binadamu kwa ajili ya Kenya kabla ya uhuru, akataka kumjua mtu huyo. Wiki sita baadaye, na ushuru juu, alikabidhiwa bunda la kurasa zaidi ya mia saba linalomhusu John Marshall, aliyekuwa Jaji Mkuu wa Marekani kuanzia 1801 mpaka alipofariki 1835, miaka 64 kabla reli haijafika Nairobi. Aliyemtaka yeye ni Thurgood Marshall. Hawana undugu wowote. Mmoja alimiliki watumwa, mwingine ni uzao wa watumwa.

Tulicheka, lakini si yeye peke yake. Wengi wetu huchagua vitabu vya aina hii kwa jina la jaji: nimesikia Holmes ni mkubwa, basi nipe Holmes. Mimi nilifanya hivyohivyo. Nilianza na mihadhara ya Oliver Wendell Holmes iliyochapishwa 1881, nikakuta sura ya kwanza inazungumzia ng'ombe anayeua mtu kwa pembe, kama ilivyo katika Kutoka 21, kisha sheria ya Warumi, kisha meli zinazoshtakiwa kana kwamba ni watu. Nilikifunga kabla sijafika mhadhara wa tatu. Ni kitabu kikubwa, na siku moja nitakimaliza, ila si cha kuanzia.

Kilichonisaidia baadaye ni kujiuliza jambo jingine: nataka kuitazama mahakama nikiwa nimesimama wapi? Kwenye kiti cha jaji? Kizimbani kwa mshtakiwa? Katikati ya wasomi wanaobishana? Au nje kabisa, njiani na mtu anayebeba sheria ya kwao kuipeleka ugenini? Vitabu vinne ninavyovilinganisha hapa vinasimama mahali hapo panne. Vyote vimeandikwa kwa Kiingereza, na hakuna kinachozidi unene wa Biblia ya mfukoni.

Vigezo nilivyotumia

Kigezo cha kwanza ni nani anasema. Jaji akijieleza mwenyewe atakupa mawazo yake, na atajitunza pia. Mwandishi wa habari atakupa watu na matukio. Mwanahistoria atakupa nyaraka na umbali.

Cha pili ni unatakiwa kuja na nini: elimu ya sheria kiasi gani, Kiingereza cha aina gani, muda kiasi gani. Kiingereza cha 1921 hakisomeki kwenye daladala.

Cha tatu ndicho ninachokipa uzito kuliko vingine: urithi wa jaji unaonekana wapi. Kwangu mimi urithi wa jaji ni hoja yake inayoendelea kutajwa na watu ambao hawakuwahi kumwona, iwe kwa kuifuata au kwa kuipinga. Vyeo na picha za ukutani haviniambii kitu.

Cha nne ni kinachokosekana, maana kila kitabu kina upande wake wa kisogo. Na cha tano, kinamfaa nani.

Kiti cha jaji: Benjamin Cardozo, «The Nature of the Judicial Process» (1921)

Nani anasema. Cardozo alipotoa mihadhara hii katika Chuo Kikuu cha Yale alikuwa jaji wa mahakama ya juu kabisa ya jimbo la New York. Mahakama ya Juu ya Marekani aliingia miaka 11 baadaye, 1932, kuchukua nafasi ya huyohuyo Holmes niliyemkimbia. Baba yake pia alikuwa jaji, akajiuzulu 1872 kwa kashfa ya rushwa, na waliomwandika Cardozo wanaona kivuli cha aibu ile katika maisha yake yote ya upole na uangalifu. Kitabuni halisemi hilo. Anachouliza ni swali ambalo mtu angedhani jaji ameshalijibu zamani: kila siku naamua kesi, sasa hivi ninachofanya ni nini hasa?

Anajibu kama mpishi anayeulizwa vipimo. Kiasi gani cha mantiki kiingie chunguni, kiasi gani cha historia, kiasi gani cha desturi za watu, na kiasi gani cha ustawi wa jamii? Anakiri kwamba miaka ya mwanzo alihangaika kutafuta uhakika, akajiona kama aliyeanza safari katika bahari isiyo na njia, mpaka akakubali kwamba kutokuwa na uhakika ni sehemu ya kazi. Kesi nyingi, anasema, zingeweza kwenda upande mmoja tu. Zinabaki chache, na katika hizo chache jaji anatunga sheria, apende asipende. Mhadhara wa mwisho unakwenda mbali zaidi: yapo mambo yanayomsukuma jaji bila yeye kujua, malezi yake, anayoyapenda na anayoyachukia. Jaji aliye kazini kuyasema hayo hadharani mwaka 1921 kulihitaji moyo.

Unatakiwa kuja na nini. Utulivu, na kamusi. Sentensi zake ni ndefu na zina mapambo, na tanbihi zimejaa wanasheria wa Ufaransa na Ujerumani. Lakini ni kurasa 180 tu, na kwa kuwa hakimiliki yake Marekani imeshakwisha, kinapatikana bure kwenye intaneti.

Urithi unaonekana wapi. Huu tayari umo kwenye daftari lako kama uliwahi kusoma sheria Dar es Salaam, Nairobi au Makerere. Mwaka 1916 Cardozo aliamua kesi ya MacPherson dhidi ya kampuni ya magari ya Buick. Gurudumu la mbao lilivunjika, dereva akaumia, na kampuni ikasema: sisi tulimuuzia wakala, huyu hatumjui. Cardozo akasema wajibu unafuata hatari. Ukitengeneza kitu ambacho kikiwa kibovu kitaumiza, na unajua kitatumiwa na mtu mwingine zaidi ya aliyekilipia kwako, basi huyo mwingine unamjua vya kutosha. Mwaka 1932, Lord Atkin huko London alipokuwa akiamua kesi ya konokono ndani ya chupa ya bia ya tangawizi, ile kila mwanafunzi wa mwaka wa kwanza anaikariri, aliitaja hukumu ya Cardozo kwa sifa. Kwa hiyo konokono wetu maarufu alipita New York kwanza.

Kinachokosekana. Watu. Huoni mdai akilia wala shahidi akitetemeka. Mahakama ya Cardozo imejaa mawazo, na ukimya wake unaweza kukuchosha.

Kinamfaa nani. Mwanafunzi wa sheria wa mwaka wa pili kuendelea, hakimu mpya, na mtu yeyote anayelazimika kuamua mambo ya wenzake: mjumbe wa baraza la kata, mzee wa ukoo, msuluhishi. Mahangaiko anayoyaeleza hayahitaji joho.

Kizimbani: Anthony Lewis, «Gideon's Trumpet» (1964)

Nani anasema. Mwandishi wa habari wa gazeti la New York Times aliyekuwa akiripoti Mahakama ya Juu. Anaandika kama mtu aliyekaa benchi la waandishi siku ile, na ndivyo ilivyokuwa.

Hapa nitakaa kidogo, kwa sababu hiki ndicho nimewaazima watu wengi kuliko vyote, na nakala yangu ya kwanza haijarudi mpaka leo.

Juni 1961, katika mji wa Panama City, Florida, ukumbi wa kuchezea pool ulivunjwa. Ziliibwa sarafu kutoka kwenye mashine ya sigara na ya muziki, na vinywaji kidogo. Akakamatwa Clarence Earl Gideon, mzungu maskini wa miaka 50, aliyekuwa na rekodi ya kuingia na kutoka jela tangu ujana. Mahakamani akaomba wakili. Jaji akamwambia kwamba kwa sheria ya Florida mahakama inampa wakili mtu anayekabiliwa na hukumu ya kifo tu. Gideon akajibu, kwa uhakika wa mtu aliyekosea, kwamba Mahakama ya Juu ya Marekani imeshasema ana haki hiyo. Haikuwa imesema. Akajitetea mwenyewe, akashindwa, akafungwa miaka mitano.

Akiwa gerezani akaandika ombi lake kwa penseli kwenye karatasi ya mistari ya gereza na kulituma Washington. Lilifika Januari 1962 pamoja na marundo ya maombi mengine ya wafungwa ambayo karibu yote hutupwa. Lake likachukuliwa. Akapewa wakili, tena mmoja wa mawakili wakubwa wa jiji lile, Abe Fortas, ambaye baadaye naye alikuwa jaji wa mahakama hiyohiyo na akalazimika kujiuzulu kwa kashfa mwaka 1969. Florida iliyaandikia majimbo mengine kuomba yaiunge mkono. Matokeo yake majimbo 22 yakajitokeza upande wa Gideon. Tarehe 18 Machi 1963 majaji wote tisa wakasema: mtu maskini anayeshtakiwa kwa kosa kubwa hawezi kupata kesi ya haki bila wakili. Kesi ikarudishwa Panama City, safari hii Gideon akiwa na wakili anayejua maswali ya kumuuliza shahidi mkuu. Wazee wa baraza wakamwachia huru baada ya kama saa moja.

Unatakiwa kuja na nini. Hamu ya kusoma tu. Kila jambo la kisheria linaelezwa pale unapolihitaji: rufani inaingiaje, nani anachagua kesi zipi zisikilizwe, mawakili wana nusu saa au saa kuzungumza na majaji wanawakatiza vipi. Niliyejifunza sheria miaka minne nilikuta nimeelewa mambo ya utaratibu ambayo darasani yalinipita.

Urithi unaonekana wapi. Unaweza kudhani kitabu ni cha Gideon, na kwa kweli jina lake limekaa kwenye jalada. Ila msome Jaji Hugo Black. Mwaka 1942 mahakama hiyohiyo iliamua, katika kesi ya mkulima kibarua wa Maryland aitwaye Betts, kwamba majimbo hayalazimiki kumpa kila maskini wakili. Black alipinga, akabaki na wachache. Alingoja miaka 21. Kesi ya Gideon ilipoamuliwa, ni Black aliyepewa kuandika hukumu ya mahakama nzima, naye akaifuta ile ya Betts. Na huyu ni mtu wa Alabama ambaye, alipokuwa mwanasiasa kijana, alikuwa mwanachama wa Ku Klux Klan. Habari hiyo ilipofichuka 1937 alikuwa ameshaapishwa kuwa jaji. Ukitaka kuelewa kwa nini Wamarekani wanahesabu maoni ya wachache kuwa sehemu ya urithi wa jaji, hapa unaliona likitendeka.

Neno kuhusu jina la kitabu. Gideoni wa Biblia, mwenye watu 300, tarumbeta na mitungi, yumo katika kitabu ambacho sisi tunakiita Waamuzi. Msomaji wa Kiswahili anaipata ladha hiyo bila kutafuniwa.

Kinachokosekana. Kinaishia kwenye matumaini. Kilichapwa mwaka mmoja tu baada ya hukumu, hivyo hakikuweza kuonyesha kilichofuata: mawakili wa umma wenye mafaili mengi kuliko saa za siku, mshtakiwa anayekutana na wakili wake dakika chache kabla ya kuingia mahakamani. Haki iliandikwa, fedha zikabaki kugombaniwa jimbo kwa jimbo. Mkenya anayeisoma Ibara ya 50 ya Katiba ya 2010, inayompa mshtakiwa wakili kwa gharama ya serikali pale ambapo bila wakili angetendewa dhuluma kubwa, atalijua jambo hilo vizuri. Mtanzania aliyeona sheria ya msaada wa kisheria ya 2017 ikipita naye analijua.

Kinamfaa nani. Asiyewahi kusoma kitabu cha sheria. Mwandishi wa habari za mahakama, na huyu ningemlazimisha. Mwanafunzi wa kidato cha sita anayejiuliza kama sheria ni fani yake.

Mezani kwa wabishi: Antonin Scalia, «A Matter of Interpretation» (1997)

Nani anasema. Watu watano. Scalia, jaji wa Mahakama ya Juu kuanzia 1986 mpaka alipofariki Februari 2016, anatoa mhadhara wake mrefu. Kisha wasomi wanne, mwanahistoria Gordon Wood na wanasheria Laurence Tribe, Mary Ann Glendon na Ronald Dworkin, wanamjibu. Kisha yeye anawajibu wote. Ni kama kuhudhuria mdahalo ambao hakuna mwenyekiti anayekatisha mtu.

Hoja ya Scalia ni rahisi kuieleza na ngumu kuitupa. Jaji asome maneno yaliyopitishwa na Bunge, ayape maana ambayo msomaji wa kawaida angeyapa wakati yalipopitishwa, na aishie hapo. Asitafute Bunge «lilitaka» nini moyoni, maana atakachokikuta huko ni mapenzi yake mwenyewe. Anamcheka mwanafunzi wa mwaka wa kwanza anayelewa na hadithi za majaji wakubwa waliounda sheria kwa akili zao. Mtu wa aina hiyo, anasema, anajifunza kucheza ufalme. Ukitoka kwa Cardozo ukaingia humu, utahisi kama umetoka msikitini ukakuta ngumi mlangoni.

Mifano yake inakaa kichwani. Sheria moja iliongeza adhabu kali kwa mtu «anayetumia» bunduki katika biashara ya dawa za kulevya. Mtu mmoja alitaka kubadilisha bunduki yake apewe kokeini. Je, ameitumia? Mwaka 1993 wengi wa majaji walisema ndiyo, akala miaka 30. Scalia alipinga: ukimuuliza mzee kama anatumia mkongojo, humuulizi kama ametundika mkongojo wa babu yake ukutani kuwa pambo. Kwetu mfano huu ni mwepesi zaidi. Mgeni akiulizwa harusini, «Mzee, unatumia?», kila mtu anajua kinachoulizwa, na hakuna anayefikiria kwamba chupa inaweza kutumika kuzuia mlango.

Mfano mwingine ni wa 1892. Sheria ilikataza kuleta vibarua kutoka nje kwa mkataba. Kanisa moja la New York likamleta mchungaji kutoka Uingereza. Mahakama ikasema maneno ya sheria yanamgusa, lakini roho yake haimgusi, kanisa likashinda. Wengi tungeshangilia. Scalia anaona hapo ndipo ugonjwa ulipoanzia.

Unatakiwa kuja na nini. Ujue angalau kwamba Marekani ina katiba iliyoandikwa, yenye marekebisho, na mahakama inayoweza kufuta sheria. Lugha ni ya kisasa na ya uchangamfu. Kina kurasa zisizofika 200, ila usikisome ukiwa na usingizi: ukikosa hatua moja ya hoja, majibu yote yanayofuata yatakupita.

Urithi unaonekana wapi. Mwaka 2015, Jaji Elena Kagan, ambaye mara nyingi alikuwa upande wa pili wa Scalia, alisema huko Harvard kwamba sasa wote wamekuwa watu wa kushika maneno ya sheria. Mwaka 2022, katika maoni ya kupinga kwenye kesi ya mazingira, aliyarudia maneno yake mwenyewe na kusema inaelekea alikosea. Ugomvi kuhusu Scalia haujaisha. Hata namna ya kumhesabu mshindi wanagombania.

Sehemu ninayoirudia ni jibu la Dworkin. Katiba ya Marekani, tangu 1791, inakataza adhabu za kikatili. Sawa, tushike maneno, anasema. Lakini walioyaandika walimaanisha adhabu zile tu walizoziona wao kuwa za kikatili, au walikataza ukatili wenyewe, kila kizazi kiupime? Tanzania tumelipitia hili kwa sauti yetu. Mwaka 1994 Jaji Mwalusanya wa Mahakama Kuu, katika kesi ya Mbushuu, alisema hukumu ya kifo ni ya kikatili na inavunja Katiba. Mwaka uliofuata Mahakama ya Rufani ikakubali kwamba ni ya kikatili, lakini ikasema Ibara ya 30 inairuhusu. Soma Dworkin na Scalia, kisha urudi kwenye hukumu hizo mbili; utaziona upya.

Kinachokosekana. Matendo. Hukumu kubwa ya Scalia kuhusu haki ya kumiliki bunduki ni ya 2008, miaka 11 baada ya kitabu. Kwa hiyo hapa unasoma ahadi yake tu. Kama aliishika siku zote, kitabu hakiwezi kukuambia. Na maskini wa aina ya Gideon hawamo humu kabisa.

Kinamfaa nani. Anayependa mabishano. Mwandishi wa miswada, mbunge, mfasiri wa sheria, mwanafunzi wa lugha pia, kwa sababu kitabu kizima kinauliza neno lina maana kwa nani na lini. Hakimfai anayetafuta hadithi.

Njiani: Mary Dudziak, «Exporting American Dreams» (2008)

Nani anasema. Mwanahistoria wa sheria. Mhusika wake ni yule Marshall ambaye rafiki yangu alimkosa.

Kufikia 1960 Thurgood Marshall alikuwa wakili maarufu kuliko wote wa NAACP, chama kinachotetea haki za weusi wa Marekani. Kesi ya mwaka 1954 iliyopiga marufuku ubaguzi wa rangi katika shule za umma ni yeye aliyeiongoza. Katika maisha yake ya uwakili alisimama mbele ya Mahakama ya Juu mara 32 na kushinda 29. Tom Mboya akamwomba awe mshauri wa wajumbe Waafrika katika mkutano wa katiba ya Kenya, Lancaster House, London. Kabla ya mkutano alipita Kenya. Huko Kiambu ofisa wa kikoloni alimzuia kuhudhuria mkutano. Marshall akaomba aruhusiwe kusema neno moja tu kwa watu waliokusanyika nje. Akaruhusiwa. Akapaza sauti: «Uhuru!» Umati ukalipuka.

Mkutano ulifunguliwa Januari 1960, na kazi aliyopewa ilikuwa ya ajabu kidogo. Mtu aliyeishi kwa kutetea weusi walio wachache kwao, sasa aliandika rasimu ya haki ambayo ililazimika kuwalinda Wazungu na Wahindi walio wachache Kenya, pamoja na mali zao, ardhi ikiwa ya kwanza. Na alipokuwa London akipima maneno, tarehe 1 Februari vijana wanne weusi walikaa kwenye kaunta ya chakula huko Greensboro, North Carolina, wakakataa kuondoka, na harakati ikaanza kumpita yeye na mafaili yake. Dudziak anaziweka hadithi hizo mbili pamoja bila kupiga kelele.

Unatakiwa kuja na nini. Historia ya Kenya ya shule ya sekondari inatosha. Hakuna istilahi ngumu, na sura zake ni fupi.

Urithi unaonekana wapi. Ni mgumu kuupima, na mwandishi haudanganyi. Rasimu ya Marshall haikuwa ndiyo katiba ya 1963. Waingereza waliandika yao. Mwaka huohuo wa uhuru alirudi Kenya akakuta Wahindi wana hofu, na akalizungumza na viongozi wapya aliowasaidia. Baada ya hapo katiba ikaanza kurekebishwa, tena na tena. Alichobaki nacho ni fahari: mpaka uzeeni aliikumbuka kazi ile kwa mapenzi, akiwa jaji wa kwanza mweusi wa Mahakama ya Juu, kiti alichokikalia 1967 hadi 1991.

Kinachokosekana. Kazi yake ya ujaji inapitwa haraka; ukitaka hukumu zake, tafuta kwingine. Na Kenya tunaiona zaidi kupitia macho ya mgeni. Mboya yupo, Kenyatta yupo, lakini mwanakijiji wa Kiambu aliyeitikia neno lile moja hatumsikii tena.

Kinamfaa nani. Msomaji wa Afrika Mashariki anayetaka kuingia katika sheria ya Marekani kwa mlango wa nyumbani. Mtoto wa diaspora aliyekulia Minneapolis au Houston ambaye shuleni kamsoma Marshall na nyumbani kamsikia Mboya, na hajui kwamba walijuana.

Kwa hali yako

Kama una wikiendi moja na hujui lolote, mchukue Lewis. Jumapili jioni utakuwa umemaliza.

Kama uko chuoni na mtihani wa madai unakaribia, Cardozo, hasa mhadhara wa kwanza na wa mwisho. Fedha hutoi hata senti. Usitarajie kunukuu kila kitu mahakamani: hukumu za Marekani kwetu ni za kushawishi tu, hazimfungi jaji.

Kama unafundisha, au una kikundi cha kusoma, wape Cardozo na Scalia kwa pamoja, nusu ya kikundi kwa nusu. Nimeona watu wapole wakipandisha sauti kufika ukurasa wa 40.

Kama unaandika kuhusu katiba, Kenya au Tanzania, Dudziak kwanza, kisha Scalia kwa ajili ya jibu la Dworkin. Mpangilio huo una maana: utajua kwanza haki zinavyoandikwa kwa haraka mezani, ndipo usikie watu wakigombania maneno yake miaka 200 baadaye.

Kama una miezi na si wiki, kipo cha tano: Richard Kluger, «Simple Justice», historia ya kesi ile ya shule. Ni kikubwa mno, na Thurgood Marshall wa mahakamani, ambaye Dudziak anampa nafasi ndogo, humo yupo mzimamzima.

Na kama umeshaagiza cha John Marshall kwa makosa, usikirudishe. Nenda moja kwa moja kwenye sura ya kesi ya Marbury dhidi ya Madison, 1803, pale mahakama ilipojipa mamlaka ya kufuta sheria ya Bunge kwa kesi ya mtu aliyenyimwa hati ya kuteuliwa kwake. Rafiki yangu wa Arusha alianzia hapo kwa hasira. Juzi nilipompigia, alikuwa anakaribia ukurasa wa mia nne, akaniomba nimpigie kesho.